Jamvi la Kando ya Barabara

Harufu ya kwanza iliyonipokea Yogyakarta, mji wa Indonesia katika kisiwa cha Java, ilikuwa ya karafuu. Ilikuwa usiku, Septemba 2022, nimetoka safari ya siku mbili, nimesimama nje ya nyumba ya kupanga nikisubiri kufunguliwa geti, mara pua ikanigutua. Mtoto wa Pemba akinusa karafuu, macho yake hutafuta jamvi. Nikaangaza huku na huku. Hapakuwa na jamvi wala kitu kilichoanikwa. Palikuwa na kijana amekaa juu ya pikipiki yake anavuta sigara, na ile sigara inatoa mlio mdogo kama chumvi iliyodondokea motoni. Hiyo ndiyo kretek, tumbaku iliyochanganywa na karafuu, na jina lake limetokana na huo mlio.

Babu yangu aliijua Indonesia kwa bei tu. Hakuwahi kuiona, lakini alijua kwamba karafuu alizopeleka kituoni ziliishia kwenye midomo ya watu wa huko, na kwamba wao wakinunua sana, sisi tunapaua nyumba. Kwa miongo mingi sigara za Java zilitegemea karafuu za Unguja na Pemba. Halafu wenyewe wakapanda mikarafuu yao mpaka ikawatosha, na bei ya kwetu ikaporomoka. Na mti wenyewe asili yake ni kwao, visiwa vya Maluku. Zanzibar uliletwa mwanzoni mwa karne ya 19. Basi nilipofika nilijiona nimekuja kumtembelea jamaa ambaye familia yetu ilimsikia miaka mingi bila kumtia machoni.

Nilikaa miaka miwili nikisoma shahada ya uzamili. Tangu nirudi watu wananiuliza swali lile lile: vijana wa kule wakoje? Wengi wanataka niwasimulie muziki wa Korea, TikTok na nguo. Yote hayo yapo. Nchi ina watu zaidi ya milioni 270, na katika sensa ya 2020 waliozaliwa kati ya 1997 na 2012 peke yao walikuwa karibu asilimia 28 ya watu wote. Umati wa namna hiyo hauna jambo usilolifanya. Lakini mimi nikiwakumbuka vijana wa Indonesia, kwanza nakumbuka walivyokaa. Walikaa wapi, mpaka saa ngapi, kwa pesa ngapi, na nani aliwaambia wainuke.

Nianze na chumba. Wanafunzi na wafanyakazi vijana wa Indonesia wengi wanaishi kwenye kos. Ni chumba cha kupanga, changu kilikuwa mita tatu kwa tatu: godoro, kabati, dirisha moja linalotazama ukuta wa jirani. Tulikuwa wasichana 14 kwenye nyumba ile, na juu yetu sote alikuwapo Ibu Kos, mama mwenye nyumba, ambaye kila asubuhi aliniuliza "Apa kabar?" nami nikisikia "habari" yetu ndani ya "kabar" yake. Mgeni wa kiume mwisho wake getini. Geti lilifungwa saa tano usiku. Chumba kama hicho hukaribishi watu, labda mmoja, akae kitandani na wewe ukae sakafuni. Kwa hiyo maisha yote ya kijana, mapenzi yake, masomo yake, ugomvi wake na vichekesho vyake, yanalazimika kutoka nje yatafute pa kukaa.

Usiku wangu wa tatu jirani wa chumba cha pili alinigongea mlango. Kwao Bojonggede, pembezoni mwa Jakarta. Akaniambia, "Mbak, twende tukanongkrong." Mbak ni dada, ndivyo Wajava wanavyomwita mwanamke kijana hata kama hawamjui, na mwanamume ni Mas. Nongkrong asili yake ni kuchutama; ukiuliza zaidi utaambiwa ni kukaa tu pamoja, bila shughuli. Ndiyo kazi kubwa ya vijana wa Indonesia nje ya kazi, na sijawahi kuona watu wanaoifanya kwa moyo kama wao.

Tulikwenda angkringan. Ni mkokoteni wa mbao uliofunikwa turubai la rangi ya chungwa, una mabirika matatu juu ya makaa, taa moja hafifu, na mbele yake vyakula vimepangwa vidogo vidogo kama vya watoto wanaocheza mapishi. Kuna vifurushi vya wali vya ukubwa wa ngumi, vimefungwa kwa jani la mgomba na kipande cha gazeti, ndani pilipili ya kusaga na kipande cha samaki kinachoweza kukaa juu ya ukucha. Wanauita nasi kucing, wali wa paka, kwa udogo wake. Kuna mishikaki ya utumbo wa kuku, mayai ya kware, na tempe, ile soya iliyochachushwa ikashikana, inayokaangwa mpaka ikawa ya dhahabu. Unachukua mwenyewe. Hakuna anayeandika. Ukimaliza unamtajia mwenye mkokoteni ulichokula, naye anajumlisha kichwani na kukutajia hesabu. Nilikula vifurushi vitatu nikataja vitatu, na yule mzee hakuinua hata macho kuhakiki majani matupu mbele yangu.

Kahawa ilikuwa rupia 4,000. Karibu na stesheni ya Tugu wana mtindo wao: wanachukua kaa la moto kwa koleo, jekundu kabisa, wanalitumbukiza ndani ya glasi ya kahawa. Linalia joss, na ndiyo jina la kahawa yenyewe. Mara ya kwanza nilifumba macho nikisubiri glasi ipasuke. Haikupasuka. Mimi nimekulia penye dele la kahawa juu ya makaa, lakini makaa ndani ya kahawa sikuwahi kuyaona, na ladha yake nikasema kweli ni kama kahawa iliyokaa jikoni kwa bibi siku ya mvua.

Mkokoteni una viti viwili vitatu tu vya benchi. Wengine mnatandikiwa mkeka juu ya njia ya watembea kwa miguu. Mnavua viatu, mnakaa. Nilipotulia nikatazama pembeni, na hapo ndipo lilipo jambo lililonifanya niandike makala hii. Mkeka wa kulia kwetu walikuwa wasichana sita. Watano wamevaa hijabu. Saa nne imeshapita usiku. Wanakunywa chai ya tangawizi, wanacheka, mmoja kalaza kichwa kwenye bega la mwenziwe, na watu wanapita, pikipiki zinapita, wala hakuna aliyegeuka kuwatazama.

Nyumbani kwetu barza ni ya wanaume. Mwanamke hupita mbele yake kwa haraka, anaweka sawa mtandio, anatoa salamu bila kusimama. Maskani za vijana ni hivyo hivyo. Sisi tulikuwa na uani, jikoni, arusini na matangani. Nilikuwa na umri wa miaka 26 siku ile, nimesoma skuli mpaka chuo kikuu, na ilikuwa mara yangu ya kwanza kunywa kahawa nje, usiku, nimekaa chini na wanawake wenzangu, bila sherehe wala msiba. Jirani yangu hakuelewa kwa nini nimenyamaza. Aliniuliza kama pilipili imenishinda.

Usiku kama huo huwa haukosi waimbaji wa barabarani. Wanakuja na ukulele na ngoma ya bomba la plastiki, wanaimba moja, wanapitisha kikombe. Mara nyingi waliimba nyimbo za Didi Kempot, mwimbaji wa mji wa Solo aliyefariki Mei 2020. Alikuwa mtu wa makamo aliyeimba kwa Kijava kuhusu stesheni, vituo vya mabasi na wanawake walioahidi kurudi wasirudi. Kwa miaka mingi alihesabiwa kuwa muziki wa wazee na wa kijijini. Halafu 2019 vijana wa mijini wakamgundua upya, wakajiita Sobat Ambyar, yaani marafiki waliovunjika vipande vipande, wakajaza viwanja wakilia kwa pamoja. Wengine hata Kijava hawakijui vizuri. Ni kama kumwona kijana wa Mlandege leo anajua kwa moyo taarabu aliyoipenda nyanya yake, tena anaiimba hadharani huku machozi yanamtoka wala haoni haya.

Lakini katika miaka hiyo mikeka ilikuwa inashindana na viti. Kahawa ilikuwa imegeuka. Wadachi walipeleka mibuni Java mwishoni mwa karne ya 17, na kwa karne nyingi buni nzuri ilipakiwa melini, mwananchi akabaki na unga wa pakiti wenye sukari nyingi. Ni jambo wanalolijua hata wakulima wetu wa Kilimanjaro, wanaolima kahawa na kunywa chai. Mwaka 2015 duka dogo la Cipete, kusini mwa Jakarta, liitwalo Toko Kopi Tuku, likaanza kuuza kahawa baridi ya maziwa iliyotiwa sukari ya aren, mti wa jamii ya mnazi, sukari nyeusi yenye harufu ya moshi. Haikuwa kahawa ya Ulaya wala ya pakiti. Ilikuwa na ladha ya vitafunio vya nyumbani. Vijana wakaing'ang'ania. Wengine wakaiga, na kampuni moja iliyoanzishwa 2017, Kopi Kenangan, mpaka mwisho wa 2021 ilikuwa imethaminiwa kwa zaidi ya dola bilioni 1. Kwa kahawa ya maziwa.

Yogyakarta ikajaa migahawa ya kahawa, mingine haifungi usiku wala mchana. Vijana wana neno, nugas, kufanya kazi za chuo, na nugas inafanyikia mgahawani. Ukiingia, kabla ya kuuliza bei unatafuta soketi. Meza za ukutani zinajaa kwanza kwa sababu soketi ziko ukutani. Nimeandika nusu ya tasnifu yangu kwenye mgahawa mmoja wenye feni iliyokuwa ikigonga, glasi moja ya kahawa ya rupia 20,000 kwa saa tano, barafu imeyeyuka imekuwa maji ya rangi ya chai, na naendelea kuinyonya kidogo kidogo ili mhudumu aone bado nakunywa. Wenzangu wote wa meza ile walikuwa wakifanya hivyo. Tulikuwa tunanunua kiti, kahawa ilikuwa risiti yake.

Sasa hesabu. Kima cha chini cha mshahara katika mkoa wa Yogyakarta kwa 2024 kilikuwa rupia milioni 2.1 na kidogo kwa mwezi, miongoni mwa vya chini kabisa nchini. Jakarta kilikuwa zaidi ya milioni 5. Mwenye mshahara wa Yogyakarta akinunua kahawa ya mgahawani kila siku, zaidi ya robo ya mshahara imekwenda. Wazee wanalaumu: vijana hawaweki akiba, pesa yote kahawa. Mimi nimekaa nao na sikubaliani. Nyumba wanajua hawatanunua. Chumba ni mita tatu. Bustani za umma ni chache. Mtu huyo ananunua saa tatu za kuwa mahali penye feni, mwanga na watu wa rika lake. Si ubadhirifu huo.

Jirani yangu wa Bojonggede ndiye aliyenisimulia habari za Dukuh Atas, na alisimulia kama mtu aliyeibiwa. Miezi miwili tu kabla sijafika, Julai 2022, watoto wa pembezoni mwa Jakarta, wa Citayam, Bojonggede na Depok, walianza kushuka treni katikati ya mji, karibu na stesheni za Dukuh Atas, na kukaa. Nauli ya treni ile huanzia rupia 3,000 kwa kilomita 25 za mwanzo. Walikuwa wa miaka 15, 16, 17. Walivaa walivyoweza: suruali pana, miwani ya bei rahisi, nywele zilizopakwa rangi, mitumba iliyoshonwa upya. Halafu wakaanza kutembea kwenye zebra, ile mistari myeupe ya kuvukia barabara, kama wanamitindo jukwaani, huku wenzao wanapiga picha. Watu wakauita Citayam Fashion Week. Eneo la matajiri la karibu hapo linajulikana kwa herufi SCBD. Watoto wakazichukua herufi hizo wakazipa maana yao: Sudirman, Citayam, Bojonggede, Depok. Waliandika majina ya kwao juu ya maghorofa ya wengine.

Mdogo wake wa kiume alikuwa mmoja wao. Alitoka nyumbani na fulana mbili ndani ya mfuko ili abadilishe akifika, kwa sababu fulana moja baba yake asingeiruhusu. Siku moja alikosa treni ya mwisho akalala pale pale kwenye njia ya miguu pamoja na wengine, mama yake akikesha na simu mkononi. Wiki ya kwanza watu wazima walicheka. Wiki ya pili wakaja na kamera. Gavana wa Jakarta wa wakati ule, Anies Baswedan, naye alipita kwenye zebra ile na wageni wake. Wanamitindo halisi wakaja, watu mashuhuri wakaja, kampuni ya mwigizaji maarufu ikaomba kusajili jina lile liwe mali yake, na watu walipopiga kelele ikaliondoa ombi. Halafu askari wa manispaa wakaanza kuwaondoa watoto: msongamano, takataka, muda umekwisha. Kufikia mwezi uliofuata mambo yalikuwa yamekwisha. Zebra ikarudi kuwa zebra.

"Walipokaa wao peke yao walikuwa uchafu," jirani yangu alisema. "Walipokaa matajiri ikawa tamasha. Matajiri walipoondoka, watoto wakawa uchafu tena." Alikuwa anakunja nguo alipolisema hilo, na fulana aliyokuwa ameishika aliikunja mara nne mpaka ikawa kama leso.

Nguo zenyewe zina hadithi yake. Mitumba Yogyakarta inaitwa awul-awul. Makassar inaitwa cakar, kifupi cha cap karung, chapa gunia. Medan inaitwa Monza, kwa jina la barabara ilipokuwa ikiuzwa. Niliposikia chapa gunia niliguswa, maana sisi nasi mitumba tumeipa jina la robota lake na si la nguo. Kijana wa Bandung anajua siku robota linapofunguliwa kama kijana wa Darajani anavyojua, na wote wawili wanawahi asubuhi wakachague kabla ya wengine. Tofauti ni kwamba kule ni marufuku. Kuingiza nguo kuukuu Indonesia ni kosa kisheria, na Machi 2023 rais wa wakati ule, Joko Widodo, alisema waziwazi kwamba zinaua viwanda vya nguo vya ndani. Waziri wa biashara akaonekana kwenye televisheni akichoma marobota. Wanafunzi wenzangu waligawanyika. Mmoja alikuwa na shangazi aliyeachishwa kazi kwenye kiwanda cha nguo. Mwingine alijilipia ada kwa kuuza awul-awul kwa kutumia simu.

Wakaniuliza kwetu tunafanyaje. Nikawaambia kwamba Machi 2016 wakuu wa Afrika Mashariki waliazimia kuondoa mitumba ifikapo 2019, kwamba Rwanda ilipandisha ushuru kutoka dola 0.20 hadi dola 2.50 kwa kilo, na kwamba Marekani ikajibu 2018 kwa kusimamisha msamaha wa ushuru wa nguo za Rwanda katika soko lake. Wengine wakalegeza. Palikuwa kimya kidogo kwenye mkeka. Yule wa shangazi akasema, "Kumbe gunia ni moja."

Juu ya hijabu naweza kuandika makala nzima, na siku moja nitaiandika. Nilifika na mitandio yangu mieusi na kahawia nikijua nakwenda kwa Waislamu wenzangu, nikakuta rangi za waridi, samawati na kijani cha pistachio, vitambaa vinavyoteleza, pini za sumaku, na wasichana wanaojadili mkunjo mmoja wa kitambaa kwa dakika 20. Nikawaona watoto wa mchezo. Mwalimu wetu mmoja, mama wa miaka zaidi ya 50, ndiye aliyenisahihisha. Katika utawala wa rais Soeharto kanuni ya sare ya 1982 ilifanya hijabu isiruhusiwe katika skuli za serikali, na msichana aliyeikataa kanuni hiyo alihamishwa au kufukuzwa. Mpaka 1991 ndipo ikaruhusiwa. Yeye alimalizia masomo yake skuli ya binafsi kwa sababu hiyo. "Hawa watoto," aliniambia, "wanachagua rangi kwa sababu sisi tulipigania kitambaa." Mwaka 2010 wasichana wa Jakarta wakaanzisha jumuiya yao ya wavaa hijabu, wabunifu kama Dian Pelangi wakaibuka, na kilichokuwa alama ya ukaidi kikawa biashara kubwa. Kuna wanaoona kimepoteza uzito. Mimi nilirudi nyumbani na mitandio tisa, mmoja wa rangi ya chungwa kama turubai la angkringan.

Kuna na kundi linalovaa vitambaa vya asili, batiki na vya kufumwa, wakivifunga juu ya raba na jaketi, wakipanda navyo treni. Wanasema wanakwenda "berkain", wamevaa kitambaa. Nilipowaonesha kitenge changu walikitambua kabla sijasema lolote, na ni haki yao: Wadachi waliiga batiki ya Java kwa mashine katika karne ya 19, wakaja kuuza Afrika, na kitenge kimezaliwa humo.

Mambo mengine yalipita mbele yangu haraka. Lilipoingia wimbi la kukimbia, kila Jumapili wenye viatu vya bei kubwa walijaa barabara ya Sudirman, na 2024 ikajulikana kwamba kuna vijana wanaolipwa kukimbia na simu ya mtu mwingine ili namba zake za mbio zipendeze mtandaoni. Vijana wana neno kwa kila hali ya nafsi: mager ni uvivu wa kuinuka, gabut ni kukaa huna la kufanya, baper ni kubeba jambo moyoni. Ukikaa nao miezi sita unaanza kuumwa kwa maneno yao.

Lililokaa sana moyoni mwangu ni la ndoa. Agosti 2024, mwezi wangu wa mwisho kule, wasichana waliposti video mmoja baada ya mwingine wakisema ndoa inatisha, na kila mmoja akitaja anachokiogopa: mume asiyejua kuosha sahani, mama mkwe, kuachishwa kazi ukizaa. Hofu hiyo inaonekana hata kwenye takwimu. Ndoa zilizosajiliwa 2018 zilizidi milioni 2. Kwa 2024 hazikufika milioni 1.5. Umri wa chini wa mwanamke kuolewa ulipandishwa kisheria 2019 kutoka 16 hadi 19, lakini wenzangu wote walikuwa wameshaupita. Wao walihesabu. Jirani yangu alikuwa anatuma nyumbani theluthi ya mshahara wake wa kazi ya jioni, anamsomesha mdogo wake, na wazazi wake hawana pensheni. Kule wanasema kizazi cha sandwichi, kimebanwa kati ya mkate wa juu na wa chini. Alikuwa na mchumba wa miaka minne, kijana mpole mwenye pikipiki. Kila wakikaa angkringan walizungumzia gharama za arusi kama watu wanaozungumzia nchi ya mbali wanayotamani kuiona.

Sitaki mtu adhani kule usiku ni salama kwa wote. Yogyakarta ina jinamizi lake liitwalo klitih, vijana wa kiume wanaozunguka na pikipiki usiku wa manane na kukata watu kwa panga bila sababu. Ibu Kos alifunga geti saa tano kwa ajili hiyo, na tulikuwa tunarudi mbio, viatu mkononi. Na mimi nilikuwa mgeni mweusi. Mara nyingi nilipigwa picha bila kuombwa.

Nilirudi nyumbani kabla ya 2025. Februari ya mwaka huo kundi letu la simu likajaa maneno "kabur aja dulu", kimbia kwanza: vijana waliosoma wakipeana taarifa za kazi na masomo nje ya nchi, na wakubwa wakiwaita si wazalendo. Agosti yakaja maandamano. Wabunge walikuwa wanapewa posho ya nyumba ya rupia milioni 50 kwa mwezi. Tazama tena kima cha chini cha Yogyakarta hapo juu. Usiku wa Agosti 28 gari la polisi lilimgonga na kumuua Affan Kurniawan, dereva wa pikipiki wa kuitwa kwa simu, mwenye umri wa miaka 21. Madereva hao ndio waliotuletea chakula kos kila siku ya mvua. Wana vijiwe vyao chini ya miti na kwenye kona, mkeka mmoja, thermosi moja. Jirani yangu hakuandika kitu kwenye kundi kwa siku mbili. Siku ya tatu akatuma picha: angkringan yetu, mabirika matatu, na mikeka mitupu.

Niliiangalia picha ile nikiwa Pemba, uani kwa mama, karafuu zimeletwa kutoka shambani. Siku ya karafuu, jioni, wanawake wote hukaa chini kuchambua, kuziacha punje huku na makonyo kule. Tulikuwa saba: mama, shangazi, binamu zangu na majirani wawili, taa katikati, vidole vimekuwa vyeusi. Hapo tunacheka hadi usiku na hakuna mwanamume anayeuliza kwa nini hatujalala, maana ni kazi. Saa nne na nusu gunia likaisha. Wakajikung'uta makonyo kwenye kanga, wakaanza kutafuta viatu. Nikamshika mkono binamu yangu mdogo, nikamwambia akae kidogo. Akaniuliza kuna gunia jingine. Nikamwambia hakuna. Akatazama jamvi, akamtazama mama, akakaa.